Mbeba Termosi wa Mururu

Huko Amerika, siku za mechi, watu elfu sitini waliweza kusoma jina NTABAZA mgongoni mwake, limeandikwa kwa herufi pana kama mbao za mlango. Huku Mururu, kwenye kilima alikozaliwa, hakuna aliyelitumia jina hilo. Hapa alikuwa Termosi. Alibandikwa jina hilo mbele ya watu, akiwa na miaka kumi na saba, na ni hilo la kilimani, wala si lile la mgongoni, lililomkera miaka yote aliyokaa katika nchi ya watu.

Ili kuielewa aibu ya termosi, sharti kwanza uielewe ingobyi.

Mururu kuna nyumba nyingi ambazo gari haliwezi kuzifikia. Njia ni ya mguu, inapita katikati ya maharage na kahawa, na mvua ikinyesha udongo unateleza kama sabuni. Mtu akiugua, hubebwa kwenye ingobyi, machela ya kusukwa kwa mianzi, yenye kina kidogo kama kitanda kilicholegea, na miti miwili mirefu ubavuni. Watu wanne huiweka miti hiyo mabegani, wawili mbele na wawili nyuma, wakamshusha mgonjwa hadi barabara kubwa. Kila nyumba ya kilima hutoa mbebaji mmoja, na mbebaji huyo huitwa bega. Bega la nyumba ya fulani, bega la nyumba ya fulani. Nyumba isiyo na bega haifukuzwi, na mgonjwa wake hubebwa kama wa wengine. Lakini siku ya mkutano, mtungi wa urwagwa, pombe ya ndizi, unapozunguka, mwenye nyumba hiyo hunywa wa mwisho, na akianza kutoa maoni wenzake hutazama vidole vya miguu yao.

Harelimana, baba yake Ntabaza, alikuwa bega la mbele kushoto tangu ujana wake. Alijulikana kilimani kote kwa jambo moja: wagonjwa walisinzia mikononi mwake. Wabebaji wa Mururu hawana kipimo kingine cha kazi nzuri. Mgonjwa akipiga kelele njia nzima, hata akifika salama, wabebaji hurudi nyumbani kimya. Akisinzia, hurudi wakiimba. Kisha siku moja mti wa mkaratusi ukaanguka vibaya, ukavunja paja la Harelimana, na paja likaunga likiwa limepinda. Bega la mbele kushoto likabaki wazi.

Hakuna aliyehangaika. Ntabaza alikuwepo. Katika umri ule alikuwa amekwisha kufikia urefu wa mita mbili, na mama yake, Maman Antoinette, alilalamika kwamba kila akirudi kutoka Bukavu, ng'ambo ya daraja la mpaka, kuuza sambaza, samaki wadogo wa ziwani, humkuta mwanawe amegonga kizingiti kingine cha mlango. Alibeba magunia mawili ya kahawa kwa wakati mmoja. Ndama akigoma njiani, alimpakata kama mtoto. Kilima kizima kilikubaliana kwamba nyumba ya Harelimana imepata bega la maajabu.

Siku ya kwanza alipewa Nyirahabimana, mjane mwenye ulimi mkali, aliyekuwa na homa. Mzee Kayitare, mkuu wa chama cha ingobyi, alitoa amri, watu wanne wakainuka. Na pale pale maajabu yakaisha.

Mwenzake wa kulia alikuwa Mukengere, kinyozi, mtu mfupi aliyejaa mizaha. Ntabaza aliposimama wima, upande wa kushoto wa ingobyi ulipanda juu kama mlango wa banda uliofunguliwa na upepo. Nyirahabimana akaanza kuteleza kuelekea kwa Mukengere, na blanketi lake, na homa yake.

"Wee! Wee!" alipiga kelele. "Munanitupa mu maharage! Miye nilisema niko mugonjwa, sikusema niko takataka!"

"Shuka, kijana!" akaamuru Mzee Kayitare. "Shuka!"

Ntabaza akashuka kwa namna pekee aliyoijua: akapinda mgongo, kama mtu anayetafuta sindano chini. Hapo mti ukaanza kumtoka begani, magoti yakagongana, ingobyi ikayumba kushoto, ikayumba kulia. Wakamhamishia nyuma, ikawa vivyo hivyo. Walipofika penye shamba la maharage, Nyirahabimana alikuwa amening'inia nusu mwili nje, ameshika sikio la Mukengere asianguke.

"Iweke chini!" akasema Mzee Kayitare. Alimtazama Ntabaza kuanzia miguuni kwenda juu, safari ndefu. "Mwanangu, nguvu uko nayo, hakuna mwenye kubisha. Lakini hii kazi haiko ya nguvu, iko ya kulingana. Toka, mti wako nitaushika miye. Hebu mumupatie termosi."

Nyuma ya kila ingobyi hufuata mtu wa kubeba vitu vya mgonjwa: mkeka, sufuria, na termosi, ile chupa ya kutunza chai ya moto. Kwa kawaida ni mtoto, au binti wa nyumbani.

"Muangalie asiitupe na hiyo!" akasema Nyirahabimana kutoka chini ya blanketi, na wabebaji wakacheka mpaka wakashindwa kuinuka tena.

Njia ya kwenda barabarani inapita mbele ya nyumba ya Harelimana. Alikuwa amesimama mlangoni na fimbo yake, amevaa shati safi, akingoja kuona bega lake likipita. Aliona wafupi wanne wakipita na ingobyi, na nyuma yao, akiwapita wote kwa kichwa na shingo, mwanawe, na termosi nyekundu kwapani. Harelimana aligeuka akaanza kuwaita kuku, ingawa ilikuwa asubuhi na kuku walikuwa wamekwisha kula.

Maneno ya Nyirahabimana yalizunguka kilima upesi kuliko ingobyi yenyewe. Kufikia Jumapili, watoto wa njiani walikuwa wanaita, "Termosi! Termosi, iko chai?" Na kwenye mkutano uliofuata, mtungi ulimfikia Harelimana wa mwisho.

Tusiwaonee wabebaji. Walikuwa na haki. Ila kijana wa miaka kumi na saba hajui haki ya namna hiyo. Anajua tu kwamba Mungu amempa mwili mkubwa kuliko wote, na mwili huo umeinyima nyumba yake nafasi.

Kutoka hapo mambo yalikwenda upesi. Katika shule aliyosoma, mjini Kamembe, walimpa mpira wa kikapu, kwa sababu mwalimu akiona mtu mrefu hawazi kingine. Wageni waliokuja kufundisha vijana wakamwona, wakamtafutia nafasi ya kusoma Amerika. Maman Antoinette alilia, akamfungia sambaza kilo mbili, zikazuiwa uwanja wa ndege. Harelimana alimsindikiza mpaka mahali pa basi, akamshika mkono, akasema, "Huko angalia vichwa vya milango."

Kwenye mpira wa kikapu alishindwa ndani ya miezi michache. Alikuwa mzito, na katika chakula cha chuo alizidi kuwa mzito. Lakini siku moja, akiwa amekaa mbele ya sahani tatu, mzee mmoja mnene mwenye sauti ya jogoo aliyepigwa na baridi alikuja kukaa mbele yake, akamtazama anavyokula, akatabasamu kama aliyepata ng'ombe aliyepotea. Alikuwa mwalimu wa mstari katika timu ya mpira wa Amerika, ule wa yai, wanaovaa kofia ngumu na kugongana.

Mchezo ule una watu ambao kila mtu anawajua. Kuna mrushaji, anayesimama nyuma na kurusha mpira mbali, na sura yake huonekana kwenye matangazo ya magari. Kuna wakimbiaji wanaoudaka na kucheza ngoma wakifunga. Na kuna watu watano wa mstari wanaosimama mbele ya mrushaji, bega kwa bega, kuzuia majitu yanayokuja kumvunja. Watano hawa hawarushi, hawadaki, na kanuni haziwaruhusu hata kukimbilia pasi. Wakifanya kazi yao vizuri, hakuna anayewaona. Wakikosea mara moja, uwanja mzima unawataja. Ntabaza alipoelezwa hayo, aliuliza swali moja tu: je, hawa watano wote ni warefu?

"Wote," mwalimu akajibu. "Nyinyi wote mko sawa."

Akasaini siku hiyo hiyo.

Furaha ilidumu mpaka asubuhi ya kwanza ya mazoezi. Uwanjani palikuwa na kizimba cha mabomba ya chuma, chenye paa fupi kiasi cha kifua cha mtu. Watu wa mstari walitakiwa kuanzia ndani yake, watoke wakiwa wameinama, wamsukume mwenzao aliyeko nje. Filimbi ikalia. Ntabaza akainuka. Kofia yake ikagonga chuma, mlio ukasikika mpaka ng'ambo ya uwanja kama kengele ya kanisa. Akarudia, ikagonga tena. Mwalimu akaja mbio, na kwa sauti yake ya jogoo akamfokea neno lile lile, kwa Kiingereza: shuka!

Ntabaza alihisi harufu ya maharage. Akapinda mgongo, kama siku ile ya Nyirahabimana, na mwenzake akamsukuma kwa mkono mmoja akaanguka kama meza.

Jirani yake wa kulia, jitu la kutoka visiwa vya Samoa jina lake Tavita, alimnyanyua. "Ukimwinamia mtu, unampa mgongo wako," alimwambia. "Mgongo haushuki, ndugu. Kinachoshuka ni makalio. Kaa kama uko chooni, kisha tembea na choo chako."

Walicheka wote, na Ntabaza akacheka nao, lakini usiku hakulala. Alisimama katikati ya chumba chake, akakunja magoti, akashusha nyonga, mgongo ukabaki umenyooka kama ukuta. Mabega yake yakashuka. Akatazama kioo: yalikuwa yamefika kimo cha mabega ya Mukengere. Alikaa hivyo mpaka mapaja yakatetemeka. Mzee Kayitare alikuwa na haki kumwambia ashuke. Tatizo ni kwamba hakuna hata mmoja kilimani aliyekuwa na urefu ule, kwa hiyo hakuna aliyeweza kumwonyesha ashukie wapi.

Kuanzia hapo alikuwa na kazi mbili. Moja alilipwa: kumlinda mrushaji. Nyingine hakumwambia mtu, hata Tavita. Alijifunza kutembea chini. Wengine walipotoka kizimbani kwenda kunywa maji, yeye alizunguka uwanja ameketi hewani, hatua baada ya hatua, akiwa ameweka kikombe juu ya kila bega. Walidhani ni bidii. Mwalimu alimsifu mbele ya wenzake. Ilikuwa bidii kweli, ila haikuwa ya Amerika.

Alipomaliza chuo, timu kubwa zilichagua vijana na hakuna iliyomchagua. Moja ikamwita kambini kwa kujaribiwa, ikamfukuza kabla ya msimu. Nyingine ikamchukua awe wa kufanyia wenzake mazoezi, ikamfukuza Krismasi, ikamrudisha Januari. Hivyo ndivyo wengi wa mstari wanavyoishi: begi halifunguliwi. Mechi yake ya kwanza aliipata mchezaji aliyemtangulia alipoteguka kifundo, na katika shambulio la kwanza kabisa la mechi hiyo alisogea kabla ya mpira kutolewa. Filimbi, adhabu, uwanja mzima ukazomea. Tangu siku ile alijifunza kungoja neno la kuondoka kama mtu anayengoja mtoto amalize kupiga chafya. Hakufanya kosa hilo tena kwa misimu miwili. Mwishowe akapata nafasi yake mwenyewe, kushoto mbele, na akaishika misimu saba.

Kushoto mbele. Alipompigia baba yake simu kumwambia, alitamka maneno hayo polepole.

"Mbele kushoto," baba akasema. "Haya. Ni mahali pazuri."

Mama yake ndiye aliyehitaji maelezo.

"Maman, kazi yangu ni kumulinda muntu mumoja."

"Ni prezida?"

"Hapana. Ni mwenye kutupa mpira."

"Na yeye hana mikono ya kujilinda?"

"Mikono yake iko na kazi ya kutupa."

"Na weye, mpira unaushikaka saa ngapi?"

"Siushikake, Maman. Ni kosa."

Alimsikia akiwageukia wanawake wenzake wa sambaza, akiwatafsiria kwa Kimashi, lugha ya upande wa Bukavu, na kicheko kikapanda darajani. "Mwanangu," akarudi kwenye simu, "balikupeleka mpaka Amerika kukukataza kushika mpira? Na hapa Kamembe si tungekukataza bure?"

Lakini tuseme ukweli bila haya, kwa sababu dunia inapenda kuusahau: hakuna mpira uliowahi kuruka mbali bila mtu aliyebaki chini akiumia. Huyo anayeshangiliwa amesimama juu ya miguu ya watu watano. Si huko tu. Tazama nchi yoyote, kiwanda chochote, familia yoyote, utawakuta watano wao, wameinama, majina yao hayaimbwi, na siku wakiondoka ndipo kila kitu kinaanguka. Ntabaza hakuwa na uchungu juu ya hilo. Jioni ambazo mrushaji alirudi chumbani na suruali nyeupe isiyo na tone la tope, Ntabaza na wenzake wanne walitazamana wakatabasamu, kama wabebaji ambao mgonjwa wao amesinzia. Alikuwa amekulia kwenye kilima kinachojua thamani ya furaha hiyo.

Goti la kulia ndilo lililomrudisha nyumbani. Lilipasuliwa mara ya kwanza, likapasuliwa mara ya pili, na timu ikamshukuru kwa mkono na kwa keki. Alikuwa na miaka thelathini na moja. Tavita, rafiki yake tangu chuo, alimpigia simu kumwuliza atafanya nini.

"Kuna kazi moja niliikosa," Ntabaza akasema. "Naenda kuiomba tena."

Kilima kilimpokea kwa shangwe. Maman Antoinette alichinja mbuzi. Watoto ambao hawakuwa wamezaliwa alipoondoka walikuja mbio wakipiga kelele, "Termosi amerudi!" maana jina la kilimani hurithishwa. Jioni watu walijaa sebuleni kuona mechi zake kwenye televisheni. Mukengere, sasa na mvi kidogo lakini na mzaha ule ule, alikaa mbele kabisa.

"Mpira uko wapi?" aliuliza Mzee Kayitare, ambaye uzee ulikuwa umemkausha kama samaki wa juani.

"Uko pale nyuma, Mzee. Miye ni huyu, mwenye kusukuma."

Wakatazama. Wakaona mpira ukiruka, mtu akiudaka, uwanja ukilipuka. Ntabaza kwenye picha alikuwa amelala chini ya mtu mwingine.

"Sasa wewe ulifanya nini?" akauliza jirani.

"Nilimuzuia huyu asipite."

Mukengere alijipiga paja. "Wazee, munaona? Muntu alienda mpaka Amerika, benzake banakamata mpira, banacheza, banabusu banawake. Na yeye? Anafuata nyuma, analinda mizigo. Kule pia balimupatia termosi!"

Nyumba ilicheka mpaka taa ikatikisika. Ntabaza alicheka pia, kwa maana mzaha ulikuwa mzuri. Lakini alimwona baba yake kando ya ukuta, anatabasamu kwa heshima tu. Akainuka, akawa makini asigonge dari, akasema mbele ya wote:

"Mzee Kayitare. Nyumba ya Harelimana haina bega kutoka zamani. Ninaomba mti wa mbele kushoto."

Kicheko kikakatika. Mzee Kayitare alimtazama tena safari ile ile ndefu, miguuni hadi kichwani.

"Umekuwa mufupi?"

"Hapana, Mzee."

"Basi jibu ni lile lile, mwanangu. Tunakupenda. Kunywa."

Na mtungi ulipozunguka, ulimfikia Harelimana wa mwisho.

Kesho yake mvua ilinyesha, kisha ikaacha, na habari ikaja kwamba mguu wa Nyirahabimana umevimba, lazima ashushwe barabarani, gari la wagonjwa litamngoja hapo. Ndiyo, Nyirahabimana yule yule. Alikuwa amefika umri ambao hakuna aliyeweza kuutaja kwa hakika, na ulimi wake haukuwa umezeeka hata siku moja. Vijana wengi walikuwa wameshuka Kamembe siku hiyo ya soko. Mzee Kayitare alihesabu mabega akapata matatu: Mukengere na wengine wawili wa nyuma. Lake mwenyewe lilikuwa limekufa ganzi.

Ntabaza alikuwa amekwisha kusimama mbele kushoto.

"Hapana!" Nyirahabimana alisema, tayari ameketi ndani ya ingobyi. "Huyu? Huyu alitaka kunipanda mu maharage kama mbegu! Ningoje vijana barudi soko."

"Gari haliwezi kungoja, bibi," akasema Mzee Kayitare.

Ajuza akafikiri. Kisha akanyoosha mkono mkavu. "Nipatie chai. Kikombe kijae. Ikimwagika hata kidogo, ninashuka na mguu wangu ulivyo, na huyu anapanda ndege."

Harelimana, aliyekuwa amekuja kwa fimbo yake, ndiye aliyemimina chai kutoka termosi ya nyumbani kwa Nyirahabimana. Alijaza mpaka ukingoni. Hakumtazama mwanawe.

"Termosi," Mukengere alinong'ona chini ya mti wake, "ukiniangushia huyu bibi tena, sikio langu la pili nitalitoa wapi?"

"Tayari," akaita Mzee Kayitare. Ntabaza alingoja. Alikuwa amelipia elimu hiyo mbele ya watu elfu sitini. "Tayari... Inua!"

Wanne wakainuka pamoja. Nyonga zake zikabaki chini, mgongo umenyooka, magoti yamekunjwa, na mti ukatua begani kwake kwenye kimo cha Mukengere hasa. Mukengere aligeuza shingo kuangalia kushoto, akakuta sikio la Ntabaza mbele ya pua yake.

"Yesu," akasema.

"Tembea," akasema Ntabaza.

Wakashuka. Udongo ulikuwa laini, na Mzee Kayitare alitangulia akitaja kila kitu: jiwe, mzizi, maji. Nyuma, miti miwili ilikwenda sambamba kama reli. Nyirahabimana alikuwa bado analalamika, kwanza juu ya Kamembe, halafu juu ya Amerika, halafu juu ya wanaume warefu kwa jumla, marehemu mume wake akiwemo. Walipofika kwenye kahawa, goti la kulia la Ntabaza lilianza kuwaka. Anayejua moto huo hahitaji kuelezwa. Mwili wake mzima ulimsihi anyooke kidogo tu, kidole kimoja, viwili. Akakumbuka kizimba, na chuma kile juu ya kichwa chake, na safari hii akakitamani kiwepo kimzuie. Hakikuwepo. Palikuwa na mbingu tupu ya Mururu na ruhusa yote ya kusimama. Akabaki chini.

Wakaingia kwenye maharage. Hapo ndipo Mukengere alipogundua jambo.

"Mzee," alisema kwa sauti ya hofu. "Mzee Kayitare. Bibi haseme tena."

Wote walisimama. Nyirahabimana kunyamaza halikuwa jambo la kawaida hata akiwa mzima. Mzee Kayitare alirudi nyuma haraka, akainama juu ya ingobyi, akaweka sikio. Mabega manne yaliganda. Ntabaza, ameketi hewani na goti linawaka, alisikia moyo wake mwenyewe ukigonga mti.

Kisha kutoka ndani ya mianzi ukatoka mkoromo, mrefu, wa raha, wenye kona mwishoni.

Kikombe kilikuwa kimesimama juu ya tumbo lake, katikati ya mikono miwili iliyolegea. Chai ilikuwa imefika ukingoni, kama ilivyomiminwa.

Mzee Kayitare aliweka kidole mdomoni, akamtazama Ntabaza, na kwa sauti ya chini kabisa akauliza, "Tukubadilishe?"

Ntabaza alitikisa kichwa. Wakaendelea kwa hatua za paka. Walipopita mbele ya nyumba ya Harelimana mlango ulikuwa mtupu, kwa sababu mwenyewe alikuwa nyuma yao, akifuata na fimbo mkono mmoja, akiburuta paja lake lililopinda kwenye tope, asikubali kuachwa.

Barabarani dereva alitaka kupiga honi. Maman Antoinette, aliyekuwa anarudi kutoka darajani na beseni lake tupu, alimtishia nalo akaacha. Wakaitua ingobyi polepole. Mukengere akajinyoosha, akajipapasa sikio, lote lipo. Ntabaza peke yake hakuinuka.

"Simama sasa, mwanangu," akasema Mzee Kayitare.

"Siwezi, Mzee. Goti limekataa."

"Basi bakia hivyo hivyo. Ni urefu wetu."

Kicheko kilichofuata ndicho kilichomwamsha Nyirahabimana. Alitazama huku na huku, akaona barabara, akaona gari, akaelewa kwamba amelala njia nzima na kwamba kila mtu anajua. Akanywa chai funda moja.

"Imepoa," akasema kwa hasira. "Muko polepole mno. Nani iko na ya moto?"

"Ni miye," akajibu Harelimana kutoka nyuma. Alisogea akichechemea mbele ya wabebaji wote, ameikumbatia termosi kwapani kama mtu aliyebeba mtoto wa kwanza, akaifungua. Alimmiminia ajuza. Kisha akajaza kikombe cha pili, na kwa kuwa mwanawe alikuwa bado amechuchumaa pale chini, hakuhitaji kunyoosha mkono juu ili kumpa.

"Kunywa, bega," akasema. "Miye nitabeba hii mpaka juu."